Ubani wa kufukizia nyumba: upi wa kununua Mwanza, na masizi wasiyokuambia

Dari ya chumba cha mdogo wangu kule Mabatini ilikuwa nyeupe mpaka alipojifungua. Mama alinituma ubani wa kufukizia nyumba na nguo za mtoto, nikaununua mjini kwa mtu aliyeniapia kwamba ni ubani maka, daraja la kwanza. Elfu kumi kwa ujazo wa kikombe cha kahawa. Arobaini inafika, juu ya pale tulipokuwa tunaweka chetezo pana duara jeusi la ukubwa wa sinia, chandarua ukikipangusa mkono unatoka na weusi, na nguo za mtoto zinanuka vanishi. Mwenye nyumba akataka dari ipakwe rangi upya kwa gharama yetu. Tulilipa.

Watu wakiulizia ubani huulizia harufu na rangi. Mimi sasa naulizia masizi, na ndiyo sababu ya kuandika haya.

Ubani wa kweli ni utomvu wa mti. Gome linachanjwa, unatoka mweupe kama maziwa, unaachwa ukauke siku kadhaa, kisha unakwanguliwa. Ndani yake kuna vitu viwili: gundi inayoyeyuka majini, na sehemu ya mafuta isiyoyeyuka. Wachakachuaji wanachanganya humo utomvu mkavu wa msonobari, ule unaong'aa kama kipande cha chupa ya soda ya kahawia. Huo ni rahisi, unanukia vizuri kwa dakika moja, halafu unashika moto na kutoa moshi mweusi. Ndio uliopaka dari yetu.

Jaribio ni la maji. Tia punje moja kwenye glasi ya maji ulale. Ukikuta maji yamekuwa meupe kama ya kuoshea mchele na punje imelainika ikabaki, huo ni ubani. Ukikuta maji ni maangavu na punje inang'aa vilevile, shaka kubwa. Ukikuta punje imeyeyuka yote, umeuziwa gundi ya mgunga, na hiyo ukiiweka kwenye mkaa inanuka sukari iliyoungua.

Sasa nipange.

Wa kwanza, na sitaficha upendeleo wangu, ni Hojari wa Oman, kutoka Dhofar kusini mwa nchi ile. Punje zake ni nyeupe zenye ukijani kwa mbali, moshi ni mweupe na mwepesi, na harufu ina uchachu kama ganda la limau. Nilipewa nusu kikopo na jirani ambaye dada yake anaishi Maskati. Nimefukiza miezi minne chumba kilekile na ukuta hauna alama. Dukani hapa Mwanza ni nadra kuupata, kwa hiyo kama una ndugu Oman, mwambie asikuletee manukato ya chupa, akuletee huu.

Wa pili ni wa Ethiopia. Huu ndio utakaoukuta mara nyingi ukitafuta kwa subira, na huko kwao ndio wa kanisani. Harufu ni nzito kidogo, inakaa kwenye mapazia mpaka kesho yake. Kwa mama anayerudi jioni kutoka mwalo wa Kirumba na harufu ya dagaa imeshika khanga, ningemwambia achukue huu. Unaifunika harufu ile vizuri. Chagua punje kubwa. Vumbi la chini ya gunia ndilo wanaloficha mchanganyiko.

Wa tatu ni wa Somalia, ule wanaouita maydi, wenye vipande virefu vya manjano ambavyo Wasomali hutafuna kama ubani wa mdomoni. Tahadhari moja: huu hauna gundi ya kutosha, kwa hiyo jaribio la maji litakudanganya, maji hayageuki meupe. Jaribu kwa moto. Weka punje kwenye mkaa uliokwisha kushika majivu. Moshi mweupe, chukua. Ukiona ulimi wa moto na uzi mweusi juu yake, mrudishie mwenyewe.

Manemane si ubani, ni utomvu wa mti mwingine, mchungu. Anayekuuzia manemane kwa jina la ubani hajui biashara yake. Vijiti vya udi vya mia mbili vina kazi yake chooni.

Na mkaa wenyewe. Ile mikaa ya duara inayowaka kwa kiberiti ina chumvi ya kuwashia, inarusha cheche na kunuka. Ukiitumia, usitie ubani mpaka igeuke kijivu yote. Mimi natumia mkaa wetu wa kawaida, na juu yake natandaza majivu kidogo, kwa sababu hata Hojari ukiutupa kwenye kaa jekundu utatoa masizi. Mtoto mchanga mtoe chumbani kwanza, mfukizie nguo zake, yeye arudi moshi ukishatoka. Mwenye pumu vilevile.

Kinachoniuma ni hili jina la maka. Miti ya ubani iko Oman, Yemen, Somalia, Ethiopia. Hatununui zao la mashamba ya Makka, tunalipia jina. Ikikaribia Ramadhani bei inapanda, ikikaribia Krismasi inapanda tena, na mali ni ileile ya mwezi uliopita. Jiji hili kanisa kuu lake pale Bugando linaitwa la Epifania, sikukuu ya mamajusi waliopeleka dhahabu, uvumba, yaani ubani huu huu, na manemane. Bibi yangu Mwislamu aliamini hakuna shetani anayekaa kwenye nyumba iliyofukizwa, na sijawahi kumbishia. Hata pesa tunayopeleka msibani tunaiita ubani. Kitu cha heshima kiasi hicho, mtu anakichanganya na dawa ya kung'arishia mbao na kukutazama machoni.

Nilimrudia yule muuzaji na glasi yangu, maji maangavu, punje inang'aa. Akasema maji ya Mwanza ndiyo mabaya. Nikamwomba atie punje ya ubani wake mwenyewe kwenye chupa yake ya maji ya kununua, tusubiri. Akaanza kuhudumia mteja mwingine.