Tobias Lindholm: Mwongozaji anayewaita wenye kazi yao waigize

Karibuni watazamaji. Leo sichambui filamu moja, nachambua kazi yote ya mtu mmoja: Tobias Lindholm wa Denmark. Kama uliiona Druk, ile ya walimu wanaojaribu kufundisha wakiwa wamekunywa, iliyochukua Oscar ya filamu ya kimataifa mwaka 2021, mswada aliuandika yeye pamoja na Thomas Vinterberg. Lakini mimi nazitaka zile alizoongoza mwenyewe, kwa sababu humo ndimo drama na dokumentari zinapoingiliana.

Tuanze na Kapringen ya mwaka 2012, sokoni utaikuta pia kwa jina la A Hijacking. Hii inatugusa sisi watu wa pwani moja kwa moja. Maharamia wa Kisomali wanateka meli ya mizigo, na wenye meli wako Copenhagen wakivutana nao kwa simu juu ya fidia. Meli unayoiona ni MV Rozen, na hilo ndilo jina lake halisi. Mwaka 2007 meli hiyo hiyo ilitekwa kweli, ikitoka kushusha chakula cha msaada Somalia. Lindholm akaenda kupiga picha humo humo ndani, juu ya Bahari ya Hindi. Joto la vyumba vile na jasho la mabaharia havikutengenezwa studio.

Na yule mshauri anayemwelekeza mkurugenzi wa kampuni ya meli aseme nini na anyamaze wapi? Ni Gary Skjoldmose Porter. Si mwigizaji wa kusomea, ni mtu wa usalama wa meli ambaye alishashughulikia utekaji wa kweli. Msikilize: hapandishi sauti hata mara moja. Kando yake Søren Malling, anayecheza mkurugenzi, anavunjika taratibu mbele ya macho yako.

Kilichonikamata zaidi ni hiki: dakika ya utekaji wenyewe hatuonyeshwi. Mpishi Mikkel, anayechezwa na Pilou Asbæk, yuko salama na anaongea na mkewe. Ghafla habari imeshafika ofisini. Bunduki na mbio za boti vimeachwa nje. Tunapewa kungoja, simu inayokwaruza, na bei inayopanda kidogo kidogo huku watu wakinyong'onyea. Naamini hapo ndipo ukubwa wake ulipo.

Lawama ninayo, na ni nzito. Kisomali hakijatafsiriwa chini ya picha. Hilo nalielewa, tunasikia kama wanavyosikia mateka. Lakini upande ule tunamfahamu mtu mmoja tu, Omar, msemaji na mkalimani, ambaye hata yeye anakataa kuitwa haramia. Wengine wote ni bunduki na kelele. Halafu mabaharia waliotekwa kweli kwenye Rozen mwaka 2007 walikuwa Wakenya na Wasri Lanka. Filamu ikawaweka Wadenmark katikati. Kwa mtu anayeuheshimu ukweli kiasi hiki, naona aliwanyima wale mabaharia haki yao. Ndiyo maana naipa nane juu ya kumi, si tisa.

Njia hii aliianza mapema. R, ya mwaka 2010, aliongoza na Michael Noer aliyekuwa mtengenezaji wa dokumentari. Waliipiga ndani ya gereza la Horsens lililokuwa limefungwa, na kati ya waigizaji wamo waliowahi kufungwa na waliowahi kuwa askari magereza. Katika Krigen, 2015, kikosi cha Asbæk kule Afghanistan kimejaa wanajeshi waliopigana huko kweli.

Ila kilele kwangu ni Efterforskningen, mfululizo wa vipindi sita wa mwaka 2020, juu ya upelelezi wa kifo cha mwandishi wa habari Kim Wall, Mswidi aliyeuawa ndani ya nyambizi mwaka 2017. Muuaji haonekani wala jina lake halitajwi. Wapiga mbizi wanaotafuta baharini ni wale wale walioifanya kazi hiyo, na mbwa wa wazazi wa Kim anajiigiza mwenyewe. Kwa familia iliyofiwa, huo ni utu ambao filamu za mauaji huwa hazina.

The Good Nurse ya mwaka 2022, aliyoifanya Marekani na Jessica Chastain na Eddie Redmayne, ni safi, ila nyuso maarufu zinakukumbusha kila saa kwamba unatazama filamu.

Ukitaka kumjua, anza na Kapringen, uiache kwa lugha zake za asili, usichukue iliyowekewa sauti nyingine. Kisha Efterforskningen, kipindi kimoja kwa usiku mmoja.