Kozi ya kutafakari ya wiki 8 pale Kilimani, Nairobi: inasaidia kweli, lakini waseme imetoka wapi

Niseme mapema ili asiye na muda asisumbuke: hii kozi nimeipenda, na kama wewe ni mtu wa usingizi kupaa saa nane usiku kwa sababu ya kazi na madeni basi ifikirie kabisa. Naipa nyota 4 kwa 5. Hiyo moja niliyoshikilia haihusu ukumbi wala pesa, ni vile tuliambiwa tangu siku ya kwanza kwamba tunajifunza mbinu ya kisayansi kutoka Marekani, halafu wakanyamaza hapo hapo. Mimi nafundisha CRE, yaani elimu ya dini ya Kikristo, sekondari, mambo ya dini na watu wake ndiyo kazi yangu ya kila siku, na nikaona Wabudha wametolewa kwenye hadithi yao wenyewe. Jina la mahali siliweki, manake walimu ni wazuri na hiki ni kitu cha kurekebisha kwa sentensi mbili tatu tu.

Ni upande wa Kilimani, unashuka Yaya unatembea kidogo, ghorofa ya pili, lifti hakuna kwa hivyo mwenye shida ya magoti apige simu kwanza. Tunakutana Jumamosi asubuhi, masaa mawili na nusu kila kikao, na karibu na mwisho kuna siku nzima ya kukaa kimya bila simu. Elfu kumi na nane, unaweza kulipa mara mbili kwa M-Pesa, chai ya tangawizi ni juu yao. Kabla hawajakupokea wanakupa fomu, wanauliza kama umefiwa karibuni, kama unatumia dawa za msongo, kama kuna kitu kizito umepitia, na hapo niliwaheshimu sana manake kukaa kimya na mawazo yako si mchezo kwa kila mtu, kuna mwenzetu aliambiwa vizuri tu amwone mshauri kwanza halafu aje awamu inayofuata. Mito ya kukalia imeshonwa na fundi wa hapa hapa, kitenge juu, ndani sufi, imeshikana vizuri haizami. Viti viko pia na hakuna anayekuangalia vibaya ukichagua kiti.

Kikao cha kwanza unapewa zabibu kavu moja mkononi. Moja tu. Unaiangalia kwanza, mikunjo yake, kile kikovu kidogo pale ilipokatwa kwenye kikonyo, unaishika kati ya vidole unasikia inavyonata, unaipeleka karibu na sikio ukiibinya na kumbe inatoa kasauti, unainusa, mate yanajaa mdomoni kabla hata hujaitia ndani, halafu unaiweka juu ya ulimi bila kutafuna. Ukija kuing'ata utamu unatoka mara moja unafika mpaka nyuma ya taya. Zabibu moja ilichukua dakika na dakika, na muuguzi mmoja tuliyekuwa naye akasema anakula mchana kazini miaka yote hii na hajui chakula cha pale kina ladha gani, kila mtu akanyamaza kidogo.

Baada ya hapo ni kulala chali na kupitisha akili mwilini pole pole kuanzia vidole vya mguu mpaka utosini. Mtaa wenyewe ni mjengo kila kona, nyundo, mashine ya zege, makanga wanaita abiria, na mwanzoni nilidhani nitadai pesa yangu. Mwalimu akasema msipigane na sauti, iache ije na iende, na kwa kweli ikifika wiki ya nne hivi zile kelele zilikuwa zinanipita tu. Usingizi wangu umerudi. Si kila siku, lakini umerudi, na hata darasani nimepunguza kufoka, wanafunzi wenyewe wameona.

Sasa ile nyota.

Kuna mama mmoja wa kanisa, mtu mzima, mwenye adabu zake, wakati wa maswali akauliza, "Mwalimu, hii kitu si ibada kweli? Pasta wangu akiniuliza nitamwambia nini?" Mwalimu akamjibu kwa upole, "Hapana mama, hii ni sayansi tu, imetoka hospitali moja kule Marekani." Mama akatulia. Mimi sikutulia.

Nusu ya hilo jibu ni kweli. Kozi hii ya wiki 8 ilianzishwa 1979 na Jon Kabat-Zinn kwenye hospitali ya Chuo Kikuu cha Massachusetts mjini Worcester, msomi wa biolojia aliyepata udaktari wake pale MIT, chuo kikuu kingine cha huko huko, na wagonjwa wake wa mwanzo walikuwa watu wa maumivu yasiyoisha ambao dawa zilikuwa zimewachoka. Lakini huyo huyo alikuwa mwanafunzi wa Zen, tawi moja la Ubudha, chini ya Seung Sahn, mtawa kutoka Korea, na wazo la kozi lilimjia akiwa kwenye mafungo ya Kibudha pale Barre, Massachusetts. Maneno ya dini aliyaondoa makusudi ili madaktari wasimkatalie na mgonjwa wa imani yoyote aweze kuingia, na hajawahi kuficha, amelisema na kuliandika waziwazi. Sasa kama mwenye kozi anasema, kwa nini Kilimani tunafichwa?

Kile kituo cha Barre kilifunguliwa 1976 na vijana, wakiwemo Joseph Goldstein, Jack Kornfield na Sharon Salzberg. Goldstein na Kornfield walifika Thailand miaka ya sitini wakiwa Peace Corps, wale vijana wa kujitolea wa Marekani, hao hao Peace Corps ambao wazazi wetu waliwajua kama walimu wa hesabu kwenye shule za vijijini, walienda kusaidia wakarudi kwao na kitu walichofundishwa. Na Salzberg mmoja wa walimu wake alikuwa Dipa Ma, mama mjane wa Kolkata, India, aliyezika mume na watoto wawili, ambaye alifundisha kwenye kachumba kake kadogo, akina mama wa mtaa wakija katikati ya kupika na kulea. Huyo mama ndiye aliyemwambia Salzberg kwamba akirudi Marekani atafundisha, wakati msichana mwenyewe haamini kama anaweza. Nikisoma hiyo habari huwa nafikiria akina mama wa jumuiya zetu ndogo ndogo, wale wanaobeba kanisa lote mgongoni na jina lao haliandikwi popote.

Rudi nyuma zaidi unafika Burma, Myanmar ya leo. Waingereza waliingia Mandalay 1885 wakamwondoa mfalme Thibaw, na mfalme ndiye aliyekuwa mlinzi wa dini, kwa hivyo hofu ikawa mafundisho yatakufa. Mtawa mmoja, Ledi Sayadaw, akaanza kufundisha raia wa kawaida kusoma na kutafakari, kitu ambacho kabla ya hapo kilikuwa zaidi cha watawa, na hata kwa watawa wenyewe si wote waliofanya. Mafundisho hayo yakapita mkono kwa mkono mpaka kwa U Ba Khin, mhasibu mkuu wa serikali ya Burma baada ya uhuru wa 1948, mtu wa ofisi kabisa, na yeye akamfundisha S. N. Goenka, mfanyabiashara wa asili ya India aliyekuja kwake kwa sababu ya kipandauso. Goenka akahamia India 1969, na Goldstein na Salzberg ni kati ya waliokaa chini yake.

Kwa hivyo ukiona mtu wa benki amekaa Kilimani Jumamosi amefumba macho, hiyo desturi ya mtu wa kazi kutafakari bila kuwa mtawa haikubuniwa na Mmarekani, ilipata nguvu kwa watu waliotawaliwa na Mwingereza wakitafuta namna ya kulinda chao. Hiyo sisi Wakenya tungeielewa haraka kuliko mtu yeyote, na ndiyo maana inaniuma ikikatwa.

Na kuna wengine ambao hata huko Marekani wenyewe wanasahaulika. Wachina wa San Francisco walikuwa na hekalu lao tangu 1853. Wajapani wakaletewa makasisi wao 1899, na ili wasionekane wageni sana wakaweka viti vya safu kama vya kanisa, nyimbo, shule ya Jumapili kwa watoto. Haikuwasaidia, manake wakati wa vita kuanzia 1942 watu wa asili ya Japani karibu 120,000 walifungiwa kambini, na ndani ya kambi moja hapo Topaz, jimbo la Utah, 1944, ndipo shirika lao likabadilisha jina likajiita Makanisa ya Kibudha ya Marekani. Wabudha wanajiita kanisa ili waachwe waishi! Utafiti wa Pew, shirika la utafiti la Marekani, wa 2012 ulionyesha karibu theluthi mbili ya Wabudha wa Marekani ni watu wa asili ya Asia, lakini angalia picha za matangazo ya kozi kama hizi uniambie umeona sura ya nani.

Sisemi kwamba Wazungu wameharibu, hapana. Kuna vitu wameongeza vizuri. Wanawake wanafundisha mbele ya watu wote bila mtu kuuliza, wakati kwenye nchi nyingi za Kibudha watawa wa kike bado wanapigania daraja kamili la utawa. Wamepeleka kutafakari hospitalini na kukupima kama dawa inavyopimwa, mpaka Uingereza tangu 2004 mwongozo wao wa afya ukaanza kupendekeza kozi ya aina hii kwa watu ambao huzuni kubwa inawarudia rudia. Hiyo ni kazi ya heshima. Ila wamepunguza pia. Kuzaliwa upya baada ya kufa kumeondolewa, sawa, hiyo mimi kama Mkristo sikuifuata, lakini zile ahadi tano pia hazitajwi, kutoua, kutoiba, kutosema uongo na nyingine, na kwa Mbudha wa Sri Lanka au Thailand hizo ndizo msingi, hata wengi wao kutafakari hawafanyi kila siku, wanashika ahadi na wanawapa watawa chakula asubuhi.

Halafu pesa. Kwa desturi mafundisho hayauzwi, unapewa bure na wewe unatoa ulicho nacho kwa hiari. Kozi za siku 10 za Goenka mpaka leo haziwekwi bei, chakula na malazi vinalipwa na sadaka za waliotangulia. Elfu kumi na nane sio wizi, kodi ya Kilimani tunaijua na mwalimu ana watoto, lakini muuguzi wetu alilipa kwa shida na mlinzi wa mlangoni ambaye halali usiku hataingia milele. Wangeacha nafasi mbili za mtu kutoa anachoweza, wangekuwa karibu zaidi na kitu wanachofundisha.

Wakati wa chai nilimweleza yule mama, bila kumtisha, nikamwambia asili yake ni kwa Wabudha, humu ndani hatusujudii sanamu wala hatuombi mungu mwingine, maombi yako endelea nayo, na ukiona hakukai sawa na imani yako hakuna wa kukulaumu. Akasema, "Sasa hapo umenisaidia mwanangu, pasta nitamwambia yote." Akaendelea na kozi mpaka mwisho. Mtu mzima anaweza kubeba ukweli.

Na si kama hapa kwetu Ubudha ni kitu cha sinema. Dar, pale Upanga, kuna hekalu ambalo mizizi yake ni Wasinhala, watu wa Sri Lanka, waliofika zaidi ya miaka 100 iliyopita. Uganda, karibu na Entebbe, kuna kituo kilichoanzishwa 2005 na Bhante Buddharakkhita, Mganda aliyekutana na Ubudha akiwa India, akavikwa joho la utawa California 2002 na mtawa wa Kiburma, akaishi miaka kadhaa na mtawa wa Sri Lanka kule West Virginia, halafu akarudi nyumbani. Mganda, Mburma, Msri Lanka, wanakutana Marekani. Hiyo ndiyo historia ya kuwaambia watu siku ya kwanza, inachukua dakika tano na inavutia kuliko kusema sayansi sayansi.

Kitu kingine cha kurekebisha ni rekodi za kufanyia mazoezi nyumbani. Zote za Kiingereza, sauti ya Kimarekani, na ile ya mlima inakuambia uone misimu minne na majani yakianguka. Lakini Jumamosi moja spika ilikataa, mwalimu akaifanya mwenyewe kwa Kiswahili, akatuambia tukae kama Mlima Kenya unavyoonekana alfajiri kutoka Nanyuki, mawingu yanakuja yanaufunika, yanaondoka, mvua inanyesha, barafu iko pale juu, mlima umekaa. Nimefanya lile zoezi mara nyingi kwa rekodi na halijawahi kunishika namna ile, mtu wa benki kando yangu alikuwa anapangusa macho. Mwalimu, kama unasoma hii, tafadhali tafadhali rekodi hiyo, hata kwa simu, hatujali ubora wa sauti.

Wenye watoto wadogo, hakuna mahali pa kuwaacha. Maegesho ni ya kubahatisha, bora matatu. Vaa soksi na ubebe leso ya kujifunika, sakafu ni baridi ukilala chini muda mrefu. Awamu ya Jumatano jioni iko pia kwa wanaofanya kazi Jumamosi, lakini hujaa haraka, kwa hivyo lipa nusu mapema wakushikie nafasi.