Les Misérables ziko nyingi: ipi ununue, ipi uazime, ipi uiache dukani

Shangazi yangu alisoma Kifaransa sekondari, na Les Misérables, kitabu cha Victor Hugo, anakijua kama anavyoijua njia ya kwenda kwake. Siku moja nikataka kumfurahisha, nikamnunulia DVD imeandikwa Les Misérables kwa herufi kubwa. Chai imeshamiminwa, tumekaa, filamu inaanza: vijana wamejifunga bendera za Ufaransa wanashangilia Kombe la Dunia. Shangazi kimya. Mara polisi kwenye gari, mara droni inapaa juu ya maghorofa, mara mtoto kaiba kitoto cha simba cha watu wa sarakasi.

"Huyo simba yuko ukurasa wa ngapi?" akaniuliza.

Nilikuwa nimeuziwa mbuzi kwenye gunia, na kosa lilikuwa langu, sikusoma kava. Ile ni filamu ya Ladj Ly ya 2019, iliyopata Tuzo ya Majaji kwenye tamasha la filamu la Cannes. Inatokea Montfermeil, nje kidogo ya Paris, mji uleule ambao Hugo aliweka nyumba ya wageni ya akina Thénardier, wale matapeli wa kwenye kitabu. Jina imeazima, hadithi ni yake yenyewe, na ni nzuri sana. Ila Jean Valjean, yule mfungwa wa zamani ambaye ndiye mhusika mkuu wa Hugo, hutamwona.

Riwaya ilitoka 1862, na watu wa sinema wameirudia tangu enzi za filamu bubu, karibu wote kwa jina lilelile. Kwa hiyo jina halikusaidii kitu. Siku hizi nikishika kava naangalia mambo mawili kabla sijatoa hela.

La kwanza, nani anacheza Javert, yule inspekta anayemwandama Valjean miaka nenda rudi. Charles Vanel ni ya 1934. Charles Laughton, 1935. Bernard Blier, 1958. Michel Bouquet, 1982. Geoffrey Rush, 1998. John Malkovich, 2000. Russell Crowe, 2012. David Oyelowo, 2018. Kama Javert hayumo kabisa, umeshika ya simba.

La pili, dakika. Kitabu kina kurasa zaidi ya elfu moja, na wasambazaji mkasi hauwatoki mkononi. Ya 1934 na ya 1958 zote zimewahi kuzungushwa zikiwa zimekatwakatwa. Ya 2000 ina toleo la Kifaransa la kama saa sita na la Kiingereza la kama saa tatu, na picha ya Gérard Depardieu, Valjean wake, ni ileile mbele.

Haya, tuanze kupanga.

Ukiwa na hela ya moja tu, chukua tamthilia ya BBC ya 2018. Sehemu sita, kila moja kama saa nzima, mwandishi wa skripti Andrew Davies, Valjean ni Dominic West, na hakuna anayeimba. Inaanzia Waterloo, 1815, Thénardier akipekua mifuko ya maiti vitani, jambo ambalo filamu nyingi hazigusi ingawa ndilo linalomfunga baadaye na kijana Marius. Lakini kilichonifanya niiweke namba moja kiko mwishoni mwa sehemu ya kwanza. Valjean ametoka jela baada ya miaka 19, ameiba vyombo vya fedha vya askofu, askari wamemrudisha, na askofu amemwongezea vinara kana kwamba alivisahau. Filamu nyingine zikifika hapo tayari mtu amekuwa mwema. Hapa hapana. Anapita mtoto na sarafu yake, sarafu inamponyoka, inabingirika, Valjean anaikanyaga. Mtoto analia anaidai, Valjean anamfukuza. Mpaka mtoto ameshatokomea ndipo anagundua kilichoko chini ya kiatu chake, na hapo anavunjika. Ya 1998 na ya 2012 zote mbili zimeruka tukio hili, na kwangu hilo ni pengo kubwa: bila sarafu ile, toba ya Valjean inakuwa ya bei rahisi.

Oyelowo wengi mnamjua kama mwalimu wa chesi kwenye Queen of Katwe, ile ya Kampala. Hapa hana tabasamu hata moja la kugawa. Tahadhari ndogo: habari ya Fantine, mama masikini, kuuza nywele, kisha meno, imeonyeshwa bila huruma. Watoto wakalale kwanza.

Ya pili kwenye orodha ndiyo ninayoipenda kuliko zote, ila simpi mtu aanze nayo. Ni ya Raymond Bernard, 1934: nyeusi na nyeupe, Kifaransa, sehemu tatu, jumla kama dakika 280. Harry Baur ni Valjean mpana kama mpagazi wa bandarini. Akiingia chini ya mkokoteni kumwokoa mzee Fauchelevent huna shaka kwamba utanyanyuka. Mtu huyohuyo anacheza pia Champmathieu, masikini wa watu anayeshtakiwa kwamba yeye ndiye Valjean, na usipoambiwa unaweza usimtambue, maana kabadilisha macho, mdomo, hata namna ya kusimama. Kamera huinamishwa upande, kuta zinaonekana kama zinataka kukuangukia. Muziki ni wa Arthur Honegger. Tafuta toleo lililosafishwa upya. Nakala za zamani zina mikwaruzo na sauti ya pangoni. Kampuni ya Criterion ya Marekani iliitoa kwenye boksi moja na filamu ya Bernard ya Vita Kuu ya Kwanza, lakini ni DVD za zoni 1, yaani zimefungiwa deki za Marekani, kwa hiyo ijue kwanza deki yako.

Ya 2012 ya Tom Hooper naiweka ya tatu kwa sharti: uwe unapenda kuimbiwa. Simaanishi nyimbo mbili tatu katikati. Karibu kila neno linaimbwa, hata kuulizana habari. Asili yake ni tamthilia ya nyimbo ya Boublil na Schönberg, iliyoanza Paris 1980 na kufika London 1985. Waigizaji waliimba moja kwa moja mbele ya kamera, piano wakiisikia kwenye kidude cha sikioni, ndiyo maana Anne Hathaway anasikika akilia na kuimba kwa pumzi moja. Oscar yake aliitolea jasho. Crowe kama Javert anaimba kama mtu aliyelazimishwa kwenye harusi ya jirani, lakini ukishamzoea unamwonea huruma. Dakika 158. Na askofu mtazame vizuri: ni Colm Wilkinson, Valjean wa kwanza wa jukwaani London.

Ya nne ni ya 1958 ya Jean-Paul Le Chanois, ya rangi, zaidi ya saa tatu ikiwa nzima. Jean Gabin ni Valjean mtulivu, mzee wa mtaa ambaye akikohoa watu wananyamaza. Naye kacheza Champmathieu pia. Bourvil, ambaye Wafaransa walimzoea kwa vichekesho, kapewa Thénardier, na ubaya wake unachukiza zaidi kwa sababu sura ni ya mtu unayetaka kucheka naye. Inakwenda polepole, ina msimuliaji, na ndiyo iliyo karibu na hali ya kusomewa kitabu. Kwa wazee, namba moja.

Zilizobaki nitazipitia haraka. Ya 1998 ya Bille August, na Liam Neeson, inafaa kwa jioni moja, lakini Valjean wake anampiga askofu ngumi, na filamu inaishia kwa Javert, kana kwamba kurasa za mwisho zilichanwa. Azima, usinunue. Ya 1935 ya Hollywood nayo ni fupi na imebadilisha mengi. Inunue kwa ajili ya Laughton peke yake, mdomo ukimtetemeka anapotaja sheria. Ya Robert Hossein ya 1982, na Lino Ventura, ni nzito na ya giza. Jean Carmet alipata César, tuzo ya filamu ya Ufaransa, kwa Thénardier wake. Ya Malkovich nimeshasema: ya saa sita au usiichukue. Ya Claude Lelouch ya 1995 imehamishia kisa karne ya 20, mpaka kwenye Vita Kuu ya Pili, na Jean-Paul Belmondo. Hiyo ni ya mtu ambaye tayari anazo mbili rafuni.

Wengi pia hununua wakitegemea Mapinduzi ya 1789. Hayamo. Vizuizi vya barabarani unavyoviona ni vya Juni 1832, ghasia za Paris zilizoanzia kwenye mazishi ya Jenerali Lamarque.

Kuhusu diski zenyewe: DVD za huku kwetu ni zoni 5, za Ulaya ni zoni 2, ila kwenye Blu-ray sisi na Ulaya tuko pamoja, zoni B. Ukiagiza Uingereza, Blu-ray haina usumbufu. Ukiagiza Ufaransa, angalia sabtaito. Nyingi hazina za Kiingereza, jambo ambalo kwa ndugu wa Lubumbashi au Bujumbura si shida, kwa wa Tanga ni shida.

Shangazi hatimaye nilimpelekea ya Gabin. Aliitazama jioni mbili, akasahihisha majina mawili niliyoyatamka vibaya, kisha akauliza ile ya simba nimeiweka wapi.