Chimni yetu ya Ilboru: fundi wa lami na fundi wa mpira wa maji

Nyumba tunayokaa hapa Ilboru, Arusha, ni ya zamani, ina meko ya kuotea moto sebuleni, na baridi ya Juni na Julai ikishuka kutoka Meru tunawasha kila jioni. Shida ni masika. Mvua kubwa ikipiga, ukuta wa juu ya meko unaloa, dari inapata doa la rangi ya chai, na sebule nzima inanuka masizi mabichi.

Fundi wa kwanza alipanda na ndoo ya lami, akapaka pale bati linapokutana na tofali, saa moja kazi imeisha. Laki moja na ishirini. Aprili iliyofuata maji yakarudi palepale. Jua lilikuwa limeipasua ile lami kama udongo wa kiangazi.

Wa pili nilielekezwa na jirani, akaja Januari. Nilikuwa nimeshanunua kopo la rangi ya kuzuia maji, nikamwonyesha kwa madaha. Akaliangalia. "Mama, hili liweke kwanza. Tujue maji yanapita wapi."

Akamwingiza kijana wake darini na tochi, yeye akapanda na mpira wa maji. Alianza kumwagia chini, kwenye maungio ya bati, akipandisha taratibu. Ukianzia juu maji yanateremka kote, hutajua tundu ni lipi. Kumbe tofali hazikuwa na kosa kubwa. Nyuma ya chimni, upande wa juu wa mteremko wa paa, majani ya mjakaranda yalikuwa yamejazana na kutuamisha maji, na saruji ya juu, kuzunguka mdomo, ilikuwa na nyufa.

Kubandua lami kulimla siku nzima. Kisha akachimba mfereji mwembamba kwenye maungio ya tofali, akachomeka ukingo wa bati jipya humo na kuziba. Lile la zamani lilikuwa limeegemezwa tu. Nyuma akajenga kipaa kidogo chenye mgongo, maji yagawanyike kushoto na kulia. Juu akamwaga zege lenye mteremko, lililotokeza nje kidogo ili matone yasitambae kwenye tofali, akamalizia na kofia ya bati yenye wavu. Ndege wamehamia kwa jirani.

Rangi yangu aliikataa katakata. Tofali likinyonya unyevu lazima liutoe kama mvuke. Ukilifunga kwa rangi, uso wake unaanza kumeguka. Badala yake alipaka dawa isiyo na rangi, ya silani na siloksani, inayozuia mvua lakini inaacha mvuke utoke, tena baada ya wiki nne, zege likishakomaa. Nilinung'unika sana kuhusu hizo wiki nne.

Laki nne na nusu pamoja na vifaa. Nampa nyota nne. Ya tano aliipoteza kwa kuacha vipande vya lami kwenye gata, nikaja kuvigundua tangi la maji ya mvua lilipoanza kunuka. Masika yamepita, doa la dari lipo vilevile, halijaongezeka hata kidole. Kopo langu liko stoo. Mwenye ukuta wa uzio aje alichukue.