Permission Marketing cha Seth Godin: bado kinafaa kununuliwa?

Mwandishi wa Marekani Seth Godin anajulikana zaidi kwa Purple Cow cha mwaka 2003, ambacho toleo lake la awali lilisambazwa ndani ya pakiti ya maziwa, lakini mfanyabiashara mwenye fedha ya kitabu kimoja tu ningemshauri achukue Permission Marketing cha mwaka 1999, kinachohusu kumtangazia mteja kwa ruhusa yake. Hiki kiliandikwa na mtu aliyekwisha kuifanya kazi anayoieleza. Kampuni yake, Yoyodyne, ilitangaza bidhaa za wengine kwa michezo na mashindano ya zawadi, na washiriki walijiandikisha wenyewe kupokea barua pepe. Kampuni ya intaneti ya Yahoo! iliinunua mwaka 1998 kwa takriban dola milioni 30.

Hoja yake ni kwamba tangazo la kawaida humkatiza mtu shughuli zake, na kadiri matangazo yanavyozidi ndivyo kila moja linavyopuuzwa, kisha kampuni, kwa kuona hazisikiki, huongeza matangazo mengine. Badala yake anataka ujumbe ambao mteja anautarajia, unaomhusu yeye na unaomfaa. Muuzaji asiyeomba ruhusa anamchora kama mtu aliyevaa suti ya bei ghali, akaingia baa na kumposa kila anayemkuta. Mfano huo una kejeli kidogo, lakini unakaa kichwani.

Sehemu yenye thamani kubwa kwangu ni ile inayosema kwamba ruhusa haihamishiki na inaweza kufutwa wakati wowote. Anayeandika namba yake ya simu kwenye daftari la wageni mlangoni mwa jengo, kisha akaanza kupokea ujumbe wa mikopo na bahati nasibu, hahitaji kuelezwa zaidi. Sheria ya Kenya ya Ulinzi wa Data ya mwaka 2019 inadai ridhaa ya mhusika kabla taarifa zake hazijatumiwa kibiashara, miaka 20 baada ya kitabu kulieleza jambo hilo kama busara tu ya biashara.

Penye udhaifu ni pale Godin anapopanga ngazi tano za ruhusa na kuweka juu kabisa ile anayoifananisha na dripu, ambapo muuzaji humchagulia mteja bidhaa na kumtoza. Anaisifu mno ngazi hiyo, wakati mteja aliyefika hapo huenda ameshasahau alichokikubali. Mifano nayo, mingi ikiwa ya kampuni za intaneti za miaka ya 1990, imechakaa, na sura zinazoieleza zinaweza kupitiwa haraka.

Anayetafuta mbinu za kutangaza kwenye mitandao ya kijamii hatazipata humu, kwa kuwa Facebook ilianzishwa miaka mitano baadaye. This Is Marketing cha mwaka 2018 kiko karibu zaidi na zama hizi, ila kimejaa semi fupi za kuvutia na kina maelezo machache ya utendaji, kwa hiyo ningekisoma cha pili.