Uzoefu wangu: jioni ya filamu za dansi Ngome Kongwe

Ukisikia kuna jioni ya filamu fupi za dansi pale Ngome Kongwe, Zanzibar, nenda. Nasema hivi nikijua wapo watakaouliza: dansi isiyo na hadithi ina nini cha kutazama?

Iliyonishika mimi ni A Study in Choreography for Camera ya mwaka 1945, ya mtengeneza filamu Maya Deren na mcheza dansi Talley Beatty. Ni ya dakika chache, nyeusi na nyeupe, haina sauti. Beatty ananyanyua mguu akiwa msituni. Mguu ule ule unaposhuka, unakanyaga sebuleni. Filamu imekatwa lakini mwendo haukukatika. Halafu anazunguka ndani ya jumba la makumbusho, taratibu kabisa, kisha kasi inapanda mpaka sura yake inafutika. Hiyo ni kazi ya kamera: filamu ikipita haraka ndani ya kamera wakati wa kupiga picha, mwendo hutoka wa polepole ukionyeshwa; ikipita polepole, mwendo hutoka wa mbio. Kwa hiyo kamera nayo inacheza, na Deren aliliweka jina la Beatty pamoja na lake kama watunzi wawili. Haki kabisa.

Niliyakumbuka Maulidi ya Homu, yale ya kwetu Zanzibar ya kumsifu Mtume kwa kaswida na mwendo wa mwili. Watu wamepiga magoti kwa safu, hawaendi popote, na bado mabega, vifua na shingo vinakueleza kila kitu. Aliyekulia akiyatazama hayo hahitaji kufundishwa kuitazama filamu hii.

Lililonikera: waandaaji walipiga muziki juu ya filamu iliyotengenezwa kimya. Spika zilikwenda kwao, Beatty akaenda kwake, na ule mruko wa mwisho, ulioungwa kwa vipande ili akae hewani kupita uwezo wa binadamu, ukapotea nusu. Nimeitazama tena kwenye simu bila sauti. Mapigo yamo, yako gotini na kisiginoni. Tafadhalini, zimeni spika.

Kiingilio ni nafuu, viti vinachosha, kaa safu za mbele.

Ombi langu jingine: turekodini msewe, ngoma ya Pemba, kwa jicho hili. Vyombo vya kulia vimefungwa miguuni, mchezaji mwenyewe ndiye mpigaji. Kamera ishuke mpaka kwenye vifundo, isisimame mbali kama inarekodi harusi.