Ziara za Miguu za Anime Japani: Kabla ya Bei, Angalia Saa ya Kuanza

Msomaji mmoja wa Mombasa aliniandikia akiwa bado na hasira. Alikwenda Tokyo na wanawe wawili, wote wamelelewa na anime, zile katuni za Kijapani, akawalipia ziara ya miguu ya mtaa wa Akihabara: saa tatu za matembezi, mwongozaji anayezungumza Kiingereza, nyota karibu tano kwenye tovuti. Walikutana na mwongozaji mbele ya stesheni saa tatu kamili asubuhi. Maduka yote waliyoyaota yalikuwa yamefungwa. Wakasimama barabarani kutazama mabango. Ilipofika saa tatu na nusu wakaingizwa Yodobashi, duka kubwa la vifaa vya umeme kando ya stesheni, wakatazama simu na mashine za kupikia wali. Kisha wakapandishwa kilima hadi hekalu la Kanda Myojin. Saa sita mchana mwongozaji akainama, akaaga, akaondoka, na dakika hiyo hiyo duka la Mandarake likafungua milango.

Barua za namna hii zimenifikia kutoka Nairobi, Dar na Muscat, na zote zinalia kilio kimoja. Kwa hiyo katika mwongozo huu sitazungumzia viatu vizuri, mwavuli wala laini ya simu. Hayo yameandikwa mpaka yamechosha. Nazungumzia saa.

Kwa nini saa

Mitaa ya anime na gemu ya Japani haiamki asubuhi. Radio Kaikan, lile jengo la ghorofa kumi lililojengwa upya mwaka 2014, hufungua saa nne. Super Potato, duka la gemu za zamani, saa tano. Mandarake Complex, ghorofa nane za manga (vitabu vya katuni vya Kijapani), sanamu za wahusika na vitu vya mtumba, saa sita mchana. Ukienda mtaa wa Nakano ndiyo kabisa: kabla ya saa sita utaona milango ya chuma tu, na baadhi ya vijiduka havifungui Jumatano. Kumpeleka mtu huko saa tatu asubuhi ni sawa na kumpeleka mgeni Forodhani saa nne asubuhi ukamwambia hapa ndipo panapouzwa urojo.

Sasa kwa nini wauzaji wanaanza mapema? Hesabu yao naiona hivi: kundi la asubuhi likimalizika mchana, mwongozaji yule yule anachukua kundi la pili. Kundi la mchana linapata maduka na la asubuhi linapata maelezo. Bei ni moja.

Nao wanajua kuificha. Ukurasa wa mauzo unakuonyesha picha za usiku, taa za rangi, mashine za gacha (unatia sarafu, inakutolea kidude ndani ya kibonge) zimepangwa ukuta mzima. Saa ya kuanza huioni mpaka uchague tarehe, uchague idadi ya watu, wakati mwingine mpaka uwe umekaribia kutoa kadi. Ikiwa mnaanza kabla ya saa tano, funga ukurasa. Kuanzia saa saba mchana ndiyo biashara. Na ikiwezekana iwe Jumapili, kwa sababu barabara kuu ya Akihabara, Chuo-dori, hufungwa kwa magari Jumapili kuanzia saa saba mchana hadi saa kumi na mbili jioni (miezi ya baridi hadi saa kumi na moja), mnatembea katikati ya lami.

Hekalu lenyewe, Kanda Myojin, silidharau. Wanauza hirizi ya kulinda kompyuta na data dhidi ya majanga, na vibao vya maombi vilivyotundikwa hapo vimechorwa wahusika wa anime kwa mikono ya mashabiki, vingine kwa ustadi wa kukuduwaza. Lakini hekalu liko wazi wakati wote na kuingia ni bure. Halihitaji kula nusu ya ziara uliyoilipia.

Namba moja: mwongozaji binafsi kupitia GoWithGuide

Nina upendeleo na siufichi, na hakuna aliyenilipa. GoWithGuide ni jukwaa la Kijapani la waongozaji binafsi, na linashinda kwa jambo moja: unamwandikia mwongozaji mwenyewe kabla hujalipa. Unamwambia, "Nataka tuanze Nakano saa sita na nusu, tumalizie Akihabara jioni," naye anakujibu kama anaweza au hawezi. Bei ni ya kundi, si ya kichwa. Mkiwa wanne au watano, ile bei inayotisha kwa mtu mmoja inakaribiana na ya kundi la wageni msiowajua. Ukisafiri peke yako, itauma.

Nimesema Nakano makusudi. Akihabara ina jina, Nakano ina mali. Kutoka Shinjuku ni kituo kimoja kwa treni ya haraka ya Chuo. Unatoka stesheni, unapita njia ya maduka yenye paa iitwayo Sun Mall, unaingia Nakano Broadway, jengo la mwaka 1966 lenye maduka chini na nyumba za watu juu. Hapo ndipo Mandarake ilipozaliwa mwaka 1980: mchora manga Masuzo Furukawa alifungua kijiduka cha vitabu vya mtumba chenye ukubwa wa mikeka minne hivi ya tatami. Leo maduka yao yametapakaa katika jengo zima, hili la sanamu za zamani, lile la selo, yaani michoro halisi kwenye plastiki angavu iliyotumika kutengeneza katuni, jingine la kaseti za gemu.

Na hapa mwongozaji anakula jasho lake kihalali. Ngazi ya umeme inakupandisha kutoka ghorofa ya kwanza moja kwa moja hadi ya tatu. Ya pili inaruka. Asiyejua anazunguka nusu saa akitafuta duka aliloliona kwenye ramani. Vijiduka vingine ni makabati ya kioo tu, kila kabati limekodishwa kwa mtu wake, bei zimeandikwa kwa Kijapani kwenye vijikaratasi pamoja na hali ya kitu: boksi limefunguliwa, mkono umebandikwa upya, rangi imefifia. Ukiwa na mtu wa kukusomea kile kijikaratasi, gharama yake inarudi pale pale. Simu haitoshi, kwa sababu maduka mengi humo hayaruhusu kupiga picha, na kuelekeza kamera kwenye kabati kutakuletea muuzaji mwenye adabu nyingi na uso mkavu.

Jambo la kuuliza: ana leseni? Hadi mwanzoni mwa 2018 sheria ya Japani ilimtaka kila anayewaongoza wageni kwa lugha ya kigeni kwa malipo awe amefaulu mtihani wa taifa. Sheria ikalegezwa, sasa yeyote anaweza kuifanya kazi hiyo, ila cheo chenyewe ni cha wenye leseni tu. Binafsi leseni hainikoseshi usingizi. Mwenye leseni anaweza kujua kila shogun na asijue tofauti ya Famicom na Super Famicom, mashine za gemu za zamani za Nintendo. Mpime kwa swali la gemu au la anime unayoipenda, majibu yake yatakutosha.

Namba mbili: MagicalTrip, Akihabara

Kama uko peke yako au wawili, hii ndiyo. Ni kampuni ya ziara za makundi madogo, na ile ya Akihabara inajumuisha mashine za michezo na mgahawa wa "maid", yaani wahudumu waliovaa sare za vijakazi wa zamani wa Ulaya. Chagua ya mchana. Nimeshasema, nitasema tena: ya mchana.

Juu ya ile migahawa, fahamu mambo mawili. Kwanza, inakula muda. Katika ziara ya muda wa saa tatu, karibu saa nzima inaweza kwenda hapo, mnaimbiwa na kuchorewa paka kwa tomato sosi juu ya omleti. Kama moyo wako uko kwenye gemu, tafuta ziara isiyo nayo. Pili, hesabu yake ina ngazi: ada ya kukaa kwa muda maalumu, kisha lazima uagize kitu, kisha ukitaka picha na mhudumu unailipia, kwa kuwa kumpiga picha kwa simu yako ni marufuku. Uliza kabla: ada na kinywaji vimo kwenye bei ya ziara au la?

Na hata ukienda mwenyewe bila ziara, usimfuate msichana aliyesimama kona na kipeperushi. Wapo wa migahawa halali, wapo pia papasi, na huwajui kwa sare. Chagua mgahawa wenye bei zilizobandikwa mlangoni.

Kundi likizidi watu wanane nakushauri uache. Super Potato iko ghorofa ya tatu hadi ya tano ya jengo jembamba, rafu zimebanana, kaseti zimejaa hadi darini, na juu kabisa kuna mashine za zamani za kuchezea kwa sarafu. Kundi la watu kumi na wawili humo halitembei, linasukumana. Wa nyuma hasikii kitu.

Mwongozaji mzuri wa Akihabara utamjua kwa jambo moja: atakupeleka chini ya reli. Baada ya vita mtaa huu ulikuwa soko la magendo la vipuri vya redio. Mwaka 1949 jeshi la Wamarekani lililokuwa likitawala liliamuru vibanda vya barabarani viondolewe, na wauzaji wakahamia chini ya njia ya treni. Radio Center ingali hapo, vichochoro ambavyo watu wawili hawapishani bila kugeuka ubavu, wazee nyuma ya visanduku vya swichi, taa ndogo na nyaya. Redio zikazaa televisheni, zikazaa kompyuta, kompyuta zikaleta vijana wa gemu, nao wakaleta anime. Anayeruka sehemu hiyo akakimbilia mashine za gacha, hela yako ameila bure.

Namba tatu: Ikebukuro, kwa akina dada

Ziara nyingi zinauzwa kana kwamba shabiki wa anime ni mvulana. Ikebukuro ni mtaa wa mashabiki wa kike. Animate ilifungua duka lake la kwanza hapa mwaka 1983, na mwaka 2023 ikalifungua upya duka kuu likiwa limepanuliwa sana. Jirani yake ni Otome Road, njia ya maduka ya mashabiki wa kike, na mgahawa wa Swallowtail, ambako wanaohudumu ni wanaume waliovaa kama watumishi wa majumba ya kifahari. Ziara za makundi za huku ni chache, kwa hiyo rudi namba moja, mwombe mwongozaji akupangie. Wasichana wangu wa Dar mnaoniandikia kila siku, hii ndiyo yenu, acheni kung'ang'ania Akihabara.

Namba nne: Den Den Town, Osaka

Ni mtaa wa anime na gemu ulioko Nipponbashi, kwa miguu kutoka stesheni iitwayo Namba. Ni ndogo kuliko Akihabara, watu wachache, na Super Potato ipo pia. Kama ratiba yako inakulaza Osaka, lipia hii badala ya kukimbizana Tokyo. Saa ni zile zile, mchana.

Usilipie

Harajuku na Shibuya. Takeshita, mtaa maarufu wa Harajuku, ni njia moja iliyonyooka. Nintendo Tokyo, Pokémon Center na duka la Jump (jarida la manga) zote ziko ghorofa ya sita ya Parco, jengo la maduka la Shibuya, unabonyeza lifti. Kukodi mtu akuonyeshe lifti ni anasa.

Waongozaji wa kujitolea wapo, hawatozi, unawalipia nauli, viingilio na chakula. Ni watu wema. Ukipata anayejua gemu umebahatika. Ziara za kusikiliza kwenye simu ni rahisi zaidi, na zinafanana na bei yake.

Sasa hili la bei

Ziara moja, mwongozaji yule yule, sehemu ile ile ya kukutana, utaikuta kwenye tovuti tatu kwa majina matatu na bei tatu. Kila dalali ameweka chake juu. Ukiiona unayoipenda, tafuta tovuti ya kampuni yenyewe kabla ya kulipa. Neno "kuanzia" mbele ya bei lipuuze, ni bei ya siku ambayo hutasafiri.

Na maajenti wetu nyumbani, jamani. Kuna vifurushi vya "anime Japani" vinavyouzwa huku kwa fedha inayonitoa machozi, na ukivifungua ndani unakuta hoteli, kadi ya treni na tiketi ya makumbusho ya Ghibli, ile studio ya katuni, yaliyoko Mitaka. Tiketi hiyo mtu mzima analipa yen 1,000. Huuzwa mtandaoni tarehe 10 ya kila mwezi, saa nne asubuhi za Japani, kwa ajili ya mwezi unaofuata. Inahitaji uamke usiku na uwe na subira, basi. Anayekuahidi makumbusho ya Nintendo kule Uji, yaliyofunguliwa Oktoba 2024, mbane zaidi: tiketi zake hutolewa kwa bahati nasibu kupitia akaunti ya Nintendo, sasa yeye ana uhakika gani?

Kisingizio chao kikubwa ni viza. Wenye pasipoti za Tanzania na Kenya tunaihitaji, na ombi linataka ratiba ya siku kwa siku, basi wanakuambia ununue ziara zote mapema ili karatasi ijae. Ratiba hiyo unaijaza mwenyewe. Andika "Akihabara, mchana" na usonge mbele. Ukitaka lazima kununua kabla viza haijatoka, chukua ile yenye kurudisha fedha zote ukighairi saa 24 kabla, na usome kama hizo saa 24 zinahesabiwa kwa saa za Tokyo, maana wao wako mbele yetu kwa saa sita.

Mwisho, kwa wanaokwenda kununua mali: pasipoti uwe nayo mkononi siku ya ziara. Punguzo la kodi ya asilimia 10 kwa wageni linaanzia manunuzi ya yen 5,000 katika duka moja kwa siku moja, na kuanzia tarehe 1 Novemba 2026 unalipa kodi yote kwanza kisha unarudishiwa unapoondoka nchini. Mwongozaji asiyekukumbusha pasipoti kwenye ujumbe wa kukutana, mwandikie wewe umuulize, na kwenye ujumbe huo huo umuulize tena mnaanza saa ngapi.